Mkate wa Kufuta Sahani

Malvern, Johannesburg
Jumatatu

Mama yangu mpendwa,

Natumaini barua hii itakukuta umekaa vizuri, goti limeacha kuuma, na kuku wako bado hawajaliwa na mbwa wa jirani. Sisi huku wazima. Glodi ameota jino, anauma kila kitu, na mimi nikiwemo. Baba Mwadi bado analinda lile ghala la matairi, sasa wamempa zamu ya mchana, tunashukuru. Mimi nasuka nywele palepale Jules Street, kiti cha karibu na dirisha, na jioni nikifika nyumbani mgongo unaniambia maneno ambayo siwezi kukuandikia. Wewe je? Dawa ya presha unameza, au umeiweka kabatini iangaliane na ukuta?

Nimeandika kwa karatasi kwa sababu simu yako inapita mikononi mwa nyumba nzima, na haya ni ya macho yako. Atakayekuletea bahasha hii ni mama mkwe wangu mwenyewe, anarudi Lubumbashi kwa basi. Usishangae. Soma kwanza, kisha mkaribishe.

Unajua alikuja kumwona mjukuu mchanga. Nilimpokea vizuri, tukampa kitanda chetu, sisi tukalala chini. Mwanzoni ilikuwa kicheko tu. Halafu akaanza kuchungulia sufuria. Mwadi akitoka shule ya kreshi anakula mkate, maana mimi bado niko kazini na jirani anayemwangalia ana mkate tu. Bibi yake akaona. Akasema, "Mama Mwadi, mkate ni wa chai. Mtoto asiyekula bukari mifupa yake inakuwa ya karatasi." Nikasema ndiyo, Mama. Kesho yake nikasonga bukari ya mahindi na kupika sombe ya majani ya muhogo, nimechoka hata mwiko unanishinda, na Mwadi akakaza mdomo. Bibi alipombembeleza, akamjibu kwa Kiingereza. Basi bibi akanigeukia mimi: "Wajina wangu hanijui. Ananiongelesha kama karani wa mpakani."

Tangu siku hiyo neno lake likawa moja, kwamba atarudi na Mwadi. Mtoto amebeba jina lake, na kwao bibi anaweza kumdai wajina wake amlee. Baba Mwadi akaanza kuangalia sakafu. Nikamuuliza, "Na wewe unasema nini?" Akasema, "Ni mama yangu, Odette. Nitamwambia nyumba yangu ina chakula, na yeye kila siku anaona mkate?" Hapo nikaelewa kwamba mtoto wangu ataondoka au atabaki kwa ajili ya sahani.

Mama mkwe akamwita Baba Mdogo kutoka Rosettenville, yule fundi cherehani, mdogo wa marehemu baba mkwe, aje Jumapili baada ya kanisa kukata neno. Na ndivyo ilivyo kwao, mke anayesemwa ndiye anayepika. Watu wanakula kwanza, kisha wanaongea.

Sasa sikia, Mama. Unakumbuka siku ya mahari yangu, shangazi yao alivyoacha kipande cha nyama kwenye sahani yako, ukakasirika mpaka leo? Baba Mwadi alinieleza baadaye. Katika ukoo wao, mtu akila akafuta sahani ikawa safi, amejifunga mdomo, hawezi tena kulisema vibaya jiko lile. Kwa hiyo mwenye neno moyoni huacha kidogo. Na mama mkwe wangu, tangu kelele za mkate zianze, kila jioni alikuwa anaacha tonge moja la bukari ukingoni mwa sahani. Mimi naliona, nalikwangua, naosha sahani.

Pale saluni nina mwenzangu Mtanzania, Rehema. Alikuwa amenionyesha kwenye simu chakula cha watu wa ng'ambo. Vipande vya mkate vinalazwa wazi kwenye sahani, juu yake nyama ya bata mzinga, yule sisi tunamwita dindon, halafu mchuzi mzito wa moto unamwagiwa juu mpaka mkate unazama. Hakuna kipande cha kufunika. Bucha lililo baada ya roboti, ndivyo huku wanavyoita taa za barabarani, linauza mapaja ya dindon makubwa kama ya mbuzi, na watu wanayapita kwa kuwa hawajui waanzie wapi. Nikabeba moja nimjaribie Mwadi.

Nyama iliiva. Lakini kwenye mchuzi nilifanya kosa la mtu wa Katanga. Kwenye simu walisema tia unga, na mimi unga ninaoujua ni mmoja. Nikatia wa mahindi. Nikakoroga, ukakaza. Nikaongeza maji, nikakoroga, ukakaza tena, mwisho mwiko ukasimama wenyewe. Nilikuwa nimesonga bukari ya mafuta ya dindon. Mama mkwe akachungulia, akasema, "Afadhali. Leo umepika."

Rehema nilipomsimulia alicheka mpaka akaachia msuko wa mteja. "Dada wee, unga wa ngano. Wa chapati. Uukaange kwenye mafuta ya nyama mpaka unukie kama karanga, ndipo utie supu kidogo kidogo."

Mara ya pili mchuzi ulitoka, mwekundu wa udongo, unateleza. Mwadi alikula akamaliza, akaniuliza kwa Kiswahili, Mama, kwa Kiswahili, "Iko ingine?" Bibi yake alisikia, akajifanya anamfunga Glodi nepi. Mimi nikachukua sahani nioshe, na sikuwa na cha kuosha. Mkate ulikunywa mchuzi wote, na Mwadi akala mkate. Nikasimama pale kwenye sinki nikajua Jumapili nitapika nini.

Baba Mwadi alishtuka. "Kikao bila bukari? Odette, unataka kunizika?"

"Nenda kanunue mkate," nikamwambia. "Wa kahawia, vipande vinene. Na usiniulize."

Jumapili sikwenda kanisani, Mungu ananijua. Nilimbeba Glodi mgongoni. Nikachemsha mapaja na vitunguu na karoti, nikayatia ndani ya oveni mpaka ngozi ikabadilika rangi, nikachambua nyama vipande vikubwa. Unga nikaukaanga polepole, nikatia supu, pilipili manga, na pilipili moja ya kwetu, kisije kikawa chakula cha hospitali. Mkate nikaukausha kidogo kwenye kikaango usije ukavunjika.

Baba Mdogo akaja na suti aliyojishonea, akanawa mikono, akaangalia meza. "Bukari iko wapi?"

"Leo haipo, Baba Mdogo."

Mama mkwe akapiga makofi mara moja. "Umeona? Sijasema uongo. Hata mbele yako, mkate."

"Onja, Mama," nikamwambia. "Ukiona ni wa chai, nitakuletea chai."

Baba Mdogo akacheka puani. Nikaleta sahani mojamoja na kummwagia kila mtu mchuzi mbele ya macho yake, bado unatokota. Baba Mdogo akauliza, "Hii inaliwa na nini?" Nikasema na kijiko, na ukifika mwisho, na mkate wenyewe. Baada ya hapo hakuuliza tena. Nilisikia vijiko tu.

Mama mkwe alikula taratibu, hakuacha nyama. Halafu nikamwona anasogeza kipande kimoja cha mkate ukingoni, kama kawaida yake. Lakini mchuzi ulikuwa bado unatembea kwenye sahani. Ukakifuata kile kipande pale pale, kikaanza kunywa, kikavimba, kinang'aa. Mwadi alikuwa amekaa karibu naye, amemaliza chake. Akakitazama. "Bibi, hicho kinaogelea," akasema, akanyoosha mkono.

Bibi akampiga kofi dogo la mapenzi kwenye vidole. "Acha, wajina. Hiki ni changu."

Akakitumia kufuta sahani nzima, huku na huku, akakitia mdomoni.

Alipomeza ndipo akajua. Baba Mwadi aliacha kutafuna. Baba Mdogo akaangalia sahani yake, akaangalia ya mama mkwe, zote nyeupe kama zimetoka dukani. Akaweka kijiko chini.

"Shemeji," akasema, "tulikuja hapa na neno gani?"

Mama mkwe akaitazama ile sahani kama mtu aliyemlaghai sokoni. Kisha mabega yakaanza kumtikisika, nikaona anacheka. "Lilikuwepo," akasema. "Nimelila."

Hapo mimi nikasema langu, nimesimama, mtoto mgongoni. "Mama, Mwadi ni wajina wako, hakuna wa kukunyang'anya. Likizo nitamleta kwako kwa mkono wangu huu. Lakini atakua hapa, analala kwangu."

"Nimesikia, Mama Mwadi," akajibu. Na Baba Mwadi, ambaye alikuwa amesahau dari yetu ina rangi gani, akainua macho. Aliosha vyombo yeye. Mama yake alimwona, akamsogezea na sahani yake.

Leo asubuhi nimemkuta mama mkwe jikoni. "Huo unga wa ngano," akaniuliza, "unaukaanga mpaka rangi gani?" Nimemwonyesha. Anataka kuja kwako akupikie, akuonyeshe kitu cha Johannesburg. Akitaka kutia wa mahindi, mzuie kwa upole, hata mimi nilianzia hapo.

Nisalimie kaka yangu mkubwa, mwambie suruali alizoagiza zimo kwenye mzigo. Msalimie shangazi muuza mkaa, na mdogo wetu wa mwisho, asome, aache mpira wa mchana. Mama mchungaji mwambie maombi yake yamefika.

Mama, nakujua. Tangu siku ile ya mahari una maneno yako juu ya watu hawa, umeyatunza kama vitenge vya sanduku. Akikupikia, kula. Na ukifika mwisho, nakuomba, usiache kitu ukingoni.

Binti yako, niliyechoka na ninayecheka,
Odette, mama yao Mwadi na Glodi