Siku Tave Alipoulalia Mpira

Mtaa wa Liberty Kusini,
Opelousas, Louisiana.
23 Februari 2018

Mpendwa Mama Mkubwa Ozite,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta umekaa vizuri na goti limetulia. Je, daktari wa macho amekupa ile miwani mipya, au bado unasoma kwa kuisogeza karatasi puani? Nimeandika kwa herufi kubwa ili usihangaike.

Sisi hatujambo. Mdogo wako, yaani Mama, presha imeshuka na ulimi umepanda. Leo ni Ijumaa ya Kwaresima, kwa hiyo tumekula kamba wa mtoni mpaka vidole vikauma, na Mama anasema huko ndiko kufunga.

Najua simu huisikii vizuri, na juzi Mama alipokupigia ulielewa kwamba Tave amelazwa. Hakulazwa, Mama Mkubwa. Yeye ndiye aliyelala, tena juu ya mpira, na dunia nzima ikamshangilia. Ngoja nikueleze tangu mwanzo.

Unakumbuka mdogo wangu Tave alivyoishi miaka yote hii. Cleveland, Tampa, Seattle, kisha Tampa tena, mahali pengine majuma mawili tu. Kazi yake katika mpira huu wa Kimarekani wa kubeba mikononi ni ile ya wanene wa mbele, wanaomkinga mrushaji asivunjwe mbavu. Wengine wakiumia, Tave anaitwa. Wakipona, anatemwa. Mtu wa ofisini humjia asubuhi kwenye kabati lake na kumwambia kocha anamtaka, naye huwa ameshaanza kukunja soksi zake. Muda mwingine wote alikuwa akisugua benchi. Hakuwahi kulalamika. Kila akitemwa alirudi nyumbani na lile gari lake, godoro limefungwa juu, mkewe Renella kando yake na binti yao Odile nyuma, na kesho yake Hollis kinyozi alikuwa akimuuliza mbele ya watu, "Tave, wiki hii unafanya kazi au umekuja kula?"

Tave humjibu, "Nyoa kwanza, Hollis. Nikiitwa kichwa kimenyolewa nusu, utanifuata kukimalizia?"

Mwaka jana, msimu ulipokuwa unakaribia kuanza, akatemwa tena. Safari hii alisema basi. Odile alikuwa ameanza darasa la kwanza hapa, na kwa mara ya kwanza ana rafiki ambaye hajamuaga. Bwana Papillion, mwalimu mkuu wa sekondari, akampa Tave kazi ya kuwafundisha vijana mchezo. Mama akaamua kumfanyia sherehe ya kustaafu kwenye ukumbi wa kanisa. Tulipika gumbo, ule mchuzi wetu mzito, masufuria ambayo hata wewe hujawahi kuyaona. Padri akabariki, watu wakala, Hollis akatoa hotuba ndefu isiyo na maana.

Katikati ya hotuba simu ya Tave ikalia. Alikuwa wakala wake. Timu ya Buffalo, kule kaskazini, watu wake wawili walikuwa wameumia mazoezini, wanamtaka afike Jumatatu.

Ukumbi mzima ulielewa, maana aliisikiliza akiwa amesimama pale mbele, na uso wa Tave hauwezi kuficha kitu. Akasema atawapigia baadaye. Kisha akaenda kukaa karibu na Renella, akachukua kijiko, akaanza kula kama mtu asiyeambiwa neno. Mimi nilikuwa meza hiyohiyo. Nilimwona mke wake anamtazama anavyotafuna bila kuonja.

"Unataka kwenda," Renella akamwambia.

"Nilikuahidi."

"Sikukuuliza uliahidi nini."

Tave akaweka kijiko chini. Akasema kwa sauti ya chini kwamba katika miaka yote hajawahi kujua mechi ipi ni ya mwisho mpaka iwe imeshapita, na angependa ajue, mara moja tu.

Mama Mkubwa, Renella amehama nyumba nyingi kuliko mabomba yanavyohama kwenye visima vya mafuta, na Odile alizaliwa katika mji ambao walikaa miezi mitatu. Nilidhani atalia. Badala yake akasema, "Basi nenda. Sisi tunabaki hapa, mtoto hatoki shuleni. Lakini wakati wa kurudi ujirudishe mwenyewe. Usisubiri watu waje kukurudisha."

Bwana Papillion, ambaye masikio yake yako kila mahali, akasema kazi itamngoja mpaka Januari, ila kwa sasa angeomba sahani nyingine. Watu wakacheka, Hollis akaendelea na hotuba. Sherehe ya kustaafu ikageuka ya kumsindikiza.

Desemba Mama akatangaza kwamba anakwenda kumwona, nami niende naye. Mdogo wako huyo, ambaye hajawahi kupanda ndege kwa sababu hamwoni dereva. Alivaa lile koti la marehemu Baba la kuwindia bata, likamfika magotini, na begani akabeba soseji zetu za wali zilizogandishwa, kana kwamba Buffalo hawana chakula. Kule uwanjani theluji ilikuwa inaanguka kama mtu anakung'uta mto. Nyuma yetu alikaa bwana mmoja kifua wazi, tumbo kubwa limepakwa rangi ya bluu. Mama akamgeukia.

"Mwanangu, mama yako anajua uko hivi?"

"Ndiye huyu hapa kushoto, bibi. Rangi amenipaka yeye."

Yule mama akatupungia mkono, na kuanzia hapo wakawa marafiki, wakala soseji pamoja.

Robo mbili za kwanza za mechi Tave alikaa benchi. Ya tatu ilipokaribia kwisha, mwenzake akateguka kifundo cha mguu, nikamwona ndugu yangu anavaa kofia yake ngumu na kukimbia kuingia. Namba sitini na nne. Mama hakuutazama mpira hata kidogo, alimtazama Tave tu. Kwa hiyo mambo yalipotokea, yeye tu ndiye aliyekuwa akimtazama, sisi wengine tulikuwa tukiutazama mpira.

Zilikuwa zimebaki dakika chache na Buffalo wako nyuma kwa pointi nne. Wakafika karibu kabisa na mstari wa mwisho, ule ambao mpira ukivushwa ni pointi sita. Mkimbiaji wao akajirusha katikati ya watu, akagongwa, mpira ukamponyoka ukadunda mbele, na watu wote wakaurukia. Likawa rundo la wanaume, huwezi kujua mguu ni wa nani. Uwanja wote ulikuwa unauliza mpira uko wapi. Mama alikuwa amenishika mkono kwa nguvu na kusema, "Tave hajainuka. Verna, mtoto hajainuka."

Mama Mkubwa, sijui nikueleze vipi. Waamuzi walikuwa wakiwachomoa watu mmoja mmoja, nami nilihesabu jezi zinazoinuka na sikuiona yake. Nilimfikiria Renella aliyebaki nyumbani mbele ya televisheni na mtoto mapajani. Mama alikuwa ameshatoa rozari.

Akachomolewa wa mwisho. Chini kabisa alikuwa Tave, amejikunja, ameukumbatia mpira tumboni kama mtoto mchanga, ng'ambo ya mstari. Hakuwa ameumia hata kidogo. Alikataa tu kuuachia. Baadaye alitusimulia kwamba mwamuzi alimwinamia akamwambia, "Kaka, ni pointi sita. Nipe mpira sasa," naye akamjibu, "Inua mikono kwanza watu waone."

Mwamuzi akainua mikono. Kelele za uwanja sitazisahau. Miaka kumi na mmoja ya kazi hiyo na hakuwahi kuushika mpira katika mechi. Wengine wakifunga hucheza ngoma, yeye alisimama, akatazama huku na huku, kisha akaenda kukaa benchi, mazoea hayo. Wenzake wakamfuata wakajaribu kumbeba juu. Walishindwa, wakaanguka naye kwenye theluji.

Mama alikuwa analia na kucheka. Akamwambia yule bwana wa tumbo la bluu, "Yule ni wangu." Bwana akamkumbatia kwa nguvu zote, na koti la Baba limebaki na bluu kifuani mpaka leo. Amenikataza nisilifue.

Walishinda. Msimu ulipokwisha, Buffalo wakataka abaki mwaka mwingine. Tave alikwenda ofisini kwa kocha bila kuitwa, akashukuru, akasema anakwenda nyumbani. Kisha akampigia Renella, naye akamwambia apitie dukani alete maziwa, kana kwamba ametoka mtaa wa pili. Lakini Odile ameniambia mama yake alipokata simu alicheza peke yake jikoni.

Sasa yuko shuleni na vijana wake. Wamenunua ile nyumba ndogo ya kona, karibu na Hollis. Jumamosi iliyopita nilimkuta uani anachimba shimo, anapanda mtini. Hollis akamuuliza kama anajua kwamba hautazaa mpaka mwaka wa tatu. Tave akaufukia, akaushindilia kwa lile guu lake kubwa, akasema, "Sina pa kwenda."

Alisema huku anatabasamu, Mama Mkubwa. Ungemwona.

Mama anakusalimu sana na anasema uje Pasaka, ndege si mbaya, dereva yupo. Renella na Odile wanakusalimu. Wasalimie wote wa kanisani kwako wanaotukumbuka. Mungu akulinde, akupe usingizi mzuri na macho ya kusomea barua zangu.

Mimi mwanao nikupendaye sana,
Verna