Kwa Baba, Aliyekuwa Akifa Kabla ya Nusu ya Picha

Baba, shikamoo.

Najua hakuna marahaba itakayokuja, lakini hukunilea niingie kwenye maneno na wewe bila kukuamkia. Nimekaa kitandani, hapa Bur Dubai, katika chumba cha wanawake walinzi. Wenzangu wametoka kanisani sasa hivi, maana huku Jumapili yetu ni Ijumaa, na wanabishana nani apike. Mimi nimepanda kitanda changu cha juu nikuandikie neno ambalo hutalipenda. Nimekataa kusaini mkataba mpya. Narudi Morogoro kuigiza.

Usinikatize. Ulikuwa na tabia hiyo ukiwa hai, sasa angalau utanisikiliza mpaka mwisho.

Mtaani kwetu, picha ikianza, watoto tulikuwa na swali moja: stelingi nani? Stelingi ni yule asiyekufa. Atapigwa risasi, atatupwa mtoni, atagongwa na lori, lakini atainuka ajikung'ute vumbi, kwa sababu stelingi hafi. Wewe hukuwahi kuwa stelingi hata siku moja. Ulikuwa mlinzi wa geti anayenyongwa ili majambazi wapite. Ulikuwa mjomba mlevi anayeijua siri, halafu anagongwa na gari kabla hajaisema. Mara chache ulikuwa polisi mwema, na polisi mwema katika filamu zetu ana maisha mafupi kuliko kuku wa Krismasi. Shuleni waliniambia, "Baba yako kafa tena jana," nami nikawajibu, "Leo kaamkia kazini, kwenye reli."

Nyumbani tulishazoea. Ukirudi kutoka Dar es Salaam kurekodi, mama hakukuuliza kazi imekwendaje. Alikuuliza, "Wamekuua na nini?" Nawe ukajibu huku unavua viatu, "Panga." Au siku ukiwa na furaha, "Sumu, mke wangu, lakini sumu ya heshima. Ndani ya mvinyo." Mama alisonya, akaenda kukupakulia.

Mimi ndiye niliyejua kwamba kufa kwako hakukuwa mchezo. Ulikuwa unalala chali kwenye mkeka sebuleni, umefumba macho, unaniita kwa jina la heshima kwa kuwa nimebeba jina la mama yako mzazi: "Mama, niangalie tumbo." Nikakaa kando nikalikodolea macho. Likipanda kidogo tu nasema, "Baba, unapumua." Unainuka, unakunywa maji, unalala tena. Ulisema kuanguka kila mtu anaweza, hata mlevi anaweza. Kazi ni kubaki chini wakati wenzako wanalia juu yako na kamera haina haraka. Mwishowe ukajifunza kuificha pumzi mbavuni, upande wa ukutani, na mimi nikabaki nakuangalia mpaka naogopa, nakutekenya. Hapo ulicheka mpaka mkeka ukajikunja, na mimi nilikuwa nimekasirika kweli.

Na yote hayo ulifundishwa na Mmarekani usiyemjua jina. Ulinisimulia habari zake mara nyingi kiasi kwamba nilimhesabu kama ndugu yetu aliyehamia mbali. Ulikuwa kijana, sinema ya mjini ilikuwa inaonyesha picha za zamani zilizokwisha kuchakaa kwingine, nyeusi na nyeupe, za farasi na mahakama. Ndani yake alikuwepo mtu mmoja mwenye masikio makubwa na kope zilizolegea. Picha hii ni muuza baa, picha ile ni daktari anayekunywa, nyingine ni hakimu, nyingine ni mkulima anayesema, "Msipite njia ile," na kupigwa risasi papo hapo. Karibu kila mara alikufa kabla picha haijafika nusu. Ukambatiza Bwana Nusu.

Vijana wenzako walikwenda kumwangalia mwenye farasi. Wewe ulilipa kiingilio kumwangalia mpangusa glasi. Ulisema, "Wenzake wanashika glasi ili waonekane wameshika glasi. Yule anaipangusa. Ameshasahau kwamba stelingi yumo chumbani." Jina lake hukulipata kwa sababu majina yalikuja mwisho, maandishi madogo yanapanda mbio, na watu wameshasimama mbele yako wanatafuta malapa yao. Na hata ukiyasoma, ni jina lipi la uso upi?

Ndiyo maana sikukuelewa siku ile nilipomaliza kidato cha nne na kiongozi wa kikundi chenu cha maigizo akaja kuniomba. Alikaa kwenye kiti cha wageni, akasema, "Binti ana macho ya baba yake, tupe tumlee." Wewe ulimpa chai, ukamsubiri amalize, ukamwambia, "Mimi nimekufa vya kutosha kwa ajili ya nyumba hii. Huyu ataishi." Nililia siku nzima. Ulikuja mlangoni ukasema, "Mama, sanaa ni nzuri kwa mwenye mahali pengine pa kula," ukaondoka. Hatukulizungumza tena.

Basi nikaja Dubai, nikavaa sare ya mlinzi. Umeona mambo, Baba? Ile ile uliyokuwa ukivaa na kuuawa nayo, mimi nimeivaa miaka minne na hakuna hata mtu aliyejaribu kuninyonga. Nasimama mlangoni mwa jengo la nyumba za kupanga, Al Mankhool. Madam anapita na mbwa wake, sir anapita na simu sikioni, nafungua mlango, nafunga. Watu wanazungumza siri zao mbele yangu kama niko ukutani. Mwanzoni iliniuma. Baadaye nikaanza kufanya ulivyonifundisha: nikifungua mlango, nafungua mlango. Siigizi kufungua.

Alasiri moja tivii ya mapokezi ilikuwa inaonyesha picha ya zamani, maandishi ya Kiarabu chini. Nikainua macho, nikaona masikio. Nikaona kope. Anapangusa glasi, Baba. Nilisahau zamu, nikaacha mlango ujifungue wenyewe.

Nikamwambia Nakato, dada wa Kiganda anayekaa mapokezi, "Huyu mimi namjua."

"Unamjua Mzungu wa kwenye tivii?"

"Ni wa nyumbani kwetu."

Nakato alinitazama kama nimepigwa na jua, lakini ni mtu mwema. Akaandika jina la ile picha kwenye kompyuta yake, akanitafutia. Akapatikana, na sura yake, na maisha yake yote. Nikakupigia nikiwa bado na sare. Nilikwambia kwamba alikuwa mtoto wa mchimba makaa. Aliuza viatu, akaenda vitani, akarudi akaanza kucheza jukwaani kwenye miji midogo ambako walilala katika magari yao. Alipofika kwenye sinema alikuwa ameshapita umri wa kuwa stelingi, na kwa masikio yale asingekuwa hata angewahi. Aliigiza picha nyingi kuliko watu waliokuwa juu yake. Hakupewa tuzo. Alikuwa na mke mmoja, alifuga kuku nyuma ya nyumba, na mwenyewe alisema anapenda kufa mapema kwenye picha kwa sababu anawahi kurudi kwa kuku wake. Alifanya kazi mpaka uzee. Alikufa kitandani.

Safari hiyo hukunikatiza. Halafu ukauliza, "Alikuwa na watoto?"

"Binti mmoja."

"Naye alifanya nini?"

"Hawajaandika, Baba."

"Hawajaandika," ukarudia, taratibu. Nilipotaka kukutajia jina lake ukanikataza. "Baki nalo wewe. Mimi Bwana Nusu nimeshamzoea." Ukaniuliza kama nakula vizuri. Hayo ndiyo mazungumzo yetu ya mwisho marefu, na nimeyarudia kichwani mpaka nayajua kama sala. Lile swali lako la binti halijanitoka. Hukuliuliza kwa ajili ya yule binti wa Amerika.

Kisha ikaja ile siku. Nilikuwa mlangoni, simu ikatetemeka, nikaona ujumbe wa Elia: "Dada, Baba amekufa." Nikacheka. Nakuapia nilicheka kwa furaha, nikajua kikundi kimepata kazi, umeitwa Dar. Nikamjibu, "Safari hii kauawa na nani?"

Elia hakuandika. Alipiga simu. Nyuma yake nikasikia watu wengi, na mama anakuita kwa jina lako la ubatizo, ambalo nyumbani kwetu hutumika siku za hatari tu. Ni kosa ambalo katika dunia nzima sisi peke yetu tungelifanya, na Elia ameniambia nisimwombe msamaha, kwa sababu hata yeye, daktari alipotoka kumwambia, alisubiri kidogo uinuke.

Sikukuzika. Likizo yangu ilikuwa bado, pasipoti iko ofisini, msimamizi akasema pole, akasema inshallah, na mpaka nimepewa jibu ulikuwa umeshafukiwa. Elia alinitumia video ya kukuaga. Watu wanapita mmoja mmoja. Niliwaona walinzi wa mageti ya mjini, wamekuja na sare zao kutoka zamu, wamejipanga pamoja, hakuna aliyewaita. Ulikuwa umekufa kwa niaba yao miaka mingi, nadhani walikuja kurudisha. Kisha kamera ikasogea kwako. Nikaisimamisha. Nikaangalia tumbo. Nikaangalia mbavuni, upande ule wa kuficha. Nikaangalia muda mrefu sana, halafu nikasema kwa sauti, katika chumba hiki chenye watu, "Baba, hupumui." Achieng, Mkenya wa Kisumu anayelala kitanda cha chini, alisimama akanishika miguu, maana ndipo mkono wake ulipofika. Hakunibembeleza. Alinishika tu mpaka nilipomaliza kulia.

Nilikukasirikia, Baba, na bado nakukasirikia kidogo. Ulinizuia kwa mapenzi, najua, lakini ulinizuia. Ulitaka niishi, ukadhani kuishi ni kutokufa kwenye picha. Wewe uliishi kuliko watu wote ninaowajua. Nimewaona stelingi huku, wanashuka kwenye magari ya milango inayofunguka kwenda juu, na sijaona hata mmoja ambaye akipangusa glasi anaipangusa.

Juzi msimamizi aliniita. Ameweka karatasi mezani, kalamu juu yake. "Yalla, weka sahihi, nina watu wengine nje."

"Sisaini, sir."

"Umepata kafeel mwingine wa kukudhamini?"

"Narudi nyumbani. Naenda kuigiza."

Akaweka miwani sawa. "Utakuwa nani? Malkia?"

"Mlinzi," nikasema. Alicheka mpaka wa nje wakachungulia, halafu akaona mimi sicheki. Akachukua kalamu yake. "Khalas. Wewe ndiye wa kwanza kuacha ulinzi ukawe mlinzi."

Achieng ndiye aliyenisema vibaya zaidi. "Manze, watu wanalilia hii visa, wewe unairudisha? Huko utakula nini, makofi?" Nikamwambia kuna cherehani ya mama, kuna mikono yangu, na wewe ulikuwa fundi wa reli asubuhi na maiti jioni na hatukulala njaa. Akasema sawa, lakini yeye hatanisindikiza uwanja wa ndege, atalia. Nikamwambia atanisindikiza. Ananipikia leo, ndiyo huo ubishi unaoendelea chini.

Sikuwa namwogopa msimamizi wala Achieng. Nilimwogopa mama. Yeye ndiye anayenitegemea, na yeye ndiye aliyevumilia sanaa yako miaka yote kwa kusonya. Mama akisema hapana, ningeshuka kitandani nikaiombe ile kalamu. Nilimpigia jana mchana, nimesimama juani mbele ya duka la vitambaa kwa sababu ndani kelele. Nikasema yote kwa pumzi moja. Nikangoja.

"Lini?" akauliza.

"Mwisho wa mwezi ujao, mama. Mkataba unaisha."

Kisha akaanza kunieleza jambo ambalo sikuwa nimemwuliza. Kwamba siku ya kuanua tanga, ndugu zako walipokaa kugawana nguo, alitoa mashati, akatoa suruali, viatu akachukua baba mdogo. Lile koti la mlinzi la kuigizia, lenye vifungo vya shaba, hakulitoa. Baba mdogo akalalamika kwamba nguo za marehemu hazifichwi. Shangazi akasema ni uchoyo. Yeye akalifungia sandukuni, akakaa juu ya sanduku. Kikundi nao wakaja kuliazima.

"Nikawaambia haliazimwi. Mwenyewe yuko Dubai, anarudi."

"Uliwaambia lini hayo, mama?"

"Wiki ile ile ya msiba."

Basi, Baba. Ukiwa na hasira, kasirika na mke wako.

Mwanao wa kwanza, uliyekuwa ukimwita Mama.