Mwalimu wa Filamu ya Kitamil na Mapafu ya Baba Furaha

Merrylands, Sydney

Kaka yangu Hamisi,

Shikamoo, kaka. Assalaam aleikum wewe na wote waliomo nyumbani. Wifi aliniambia kwenye simu kwamba uvimbe wa mguu umepungua na sasa unafika msikitini bila kushikwa mkono. Nilifurahi mpaka nikamsumbua Baba Zuhura kazini kumweleza. Mvua za Korogwe vipi mwaka huu? Na kifua kile cha wifi, kimetulia? Sisi huku wote watatu ni wazima. Baba Zuhura bado anaendesha basi lake, mimi niko palepale kwenye nyumba ya wazee, na Zuhura ndiye hasa aliyenifanya nishike kalamu.

Sikutaka kukurekodia sauti. Nikikurekodia unasikiliza nusu, unampa wifi simu, halafu unaniuliza maswali niliyokwisha kuyajibu. Habari hii nataka uipate yote, taratibu, maana na wewe umo ndani yake.

Unajua walitufungia tena ndani kwa sababu ya korona. Safari hii ilikuwa ndefu, na sisi wa upande huu wa magharibi tulibanwa zaidi kuliko wale wanaokaa karibu na bahari. Hutoki mbali na kwako ila kwa kazi, helikopta inazunguka juu ya mapaa, watu wanasalimiana kwa macho juu ya barakoa. Mimi na Baba Zuhura tulikuwa na vibali vya kazi, kwa hiyo tulikuwa tunatoka. Aliyefungiwa hasa ni Zuhura. Yuko mwaka wa pili wa unesi, na chuo kizima kilihamia kwenye kompyuta. Anaamka, anawasha, anakaa kitandani na nguo za kulalia, mwalimu anasoma kurasa moja baada ya nyingine, wanafunzi wote wamezima kamera. Siku moja nimerudi kazini nikasikia mtu anazungumza chumbani kwake. Nikagonga, kimya. Nikafungua. Kompyuta inahutubia ukuta, mtoto amejifunika shuka hadi kichwani.

"Zuhura, una nini mwanangu?"

"Niko okei, Mama."

Hakuwa okei. Nilipokaa kitandani akaanza kulia. Akaniambia, kwa Kiingereza kama kawaida yake, kwamba anataka kuacha. Anakariri usiku, asubuhi hakuna kilichobaki. Ameshindwa mtihani mmoja na hakutuambia. "Mimi si mtu wa kuwa nesi, Mama. Nitawaua watu." Nilijua nikimlazimisha nitampoteza, na nikimwachia atakuja kujuta. Nikamwambia asubiri kidogo, basi, tusiamue tukiwa tumefungiwa.

Sasa hapo ndipo anapoingia Mama Selvi. Huyu ni jirani yetu wa mlango wa pili, mtu wa kusini mwa India, Mtamil, mama wa makamo aliyebaki peke yake baada ya mumewe kufariki. Mimi nikipika maandazi namtundikia mfuko mlangoni, yeye akipika ile mikate yake laini ya mchele ananitundikia mimi. Siku moja ndani ya mfuko nikakuta kiflashi. Nikampigia simu. Akaniambia ni filamu, na ina maandishi ya Kiingereza chini. "Umesema unapenda filamu za Kihindi," akasema. "Hii si ya Kihindi. Ni ya Kitamil. Angalia tofauti." Alisema kwa ukali kidogo, kama wewe mtu akikuita Mzigua wakati ni Msambaa.

Nikataka kuitazama peke yangu, halafu nikamkumbuka Mama Furaha. Hao ni Warundi, yeye na mumewe, wanakaa Quakers Hill, tulifahamiana nao tangu mwaka tuliofika. Walikulia kambi ya wakimbizi kule Kasulu, Kiswahili chao tunakicheka na wao wanakicheka chetu. Baba Furaha anafanya kazi ghalani Ingleburn, mtu wa maneno mengi na kicheko kikubwa, na Zuhura anamwita Anko tangu akiwa mdogo. Mama Furaha alikuwa akinipigia kila siku kunilalamikia upweke. Nikasema, kwa nini nisiwawekee filamu hii kwa simu ya video, sote tutazame, na mimi niwatafsirie?

Kaka, usicheke. Nilikaa mbele ya kompyuta Jumamosi mchana, kanga kichwani, nikafanya kazi yako ya zamani ya kutafsiri filamu. Nilivyoanza sauti ilitetemeka, nikawa nachelewa, mwigizaji amemaliza kusema mimi ndiyo naanza. Kisha nikakumbuka ulivyokuwa ukifanya kule kwenye kibanda chako cha video: unalikamata neno kabla mtu hajafungua mdomo, na kila mmoja unampa sauti yake. Nikaanza kupata moto. Mkuu wa chuo nikampa sauti ya yule mzee wa kodi wa sokoni. Baba Furaha akaanguka kwenye kochi kwa kucheka. Mama Selvi, ambaye naye tulimuunganisha, haelewi Kiswahili hata kidogo, lakini alipomsikia mwalimu wa Kitamil anasema "Ala! Nyie vijana vipi?" akacheka mpaka akavua miwani.

Nikusimulie filamu yenyewe kidogo. Steringi ni mwalimu. Anapelekwa kufundisha chuo cha uhandisi katika mji mmoja mkavu usio na hata mti wa kivuli. Chuo kina sifa kubwa ya kufaulisha, lakini akiingia darasani anakuta vijana wanaimba majibu kama kasuku. Anawauliza maana, hakuna anayejua. Basi anafunga vitabu vyao, anakwenda jikoni, anarudi na mama anayewapikia, anamkalisha kiti cha mbele. Anawaambia: "Mwelezeni mama huyu. Asipoelewa, na nyinyi hamjaelewa." Hakuna aliyeweza, kaka. Wanajikanyaga, wanatoa maneno makubwa, mama wa watu anawatazama tu na mwiko wake mkononi. Wanafunzi wanakasirika, wazazi wanakuja juu, mwenye chuo anataka amfukuze. Filamu zao ni ndefu kama unavyozijua, kwa hiyo tulikatia katikati, tukapanga kumalizia Jumamosi iliyofuata.

Zuhura alikuwa amejikunyata pembeni muda wote akijifanya anachezea simu. Sikumsemesha.

Siku mbili tatu baadaye niko jikoni nakaanga vitumbua, akaja akasimama mlangoni. "Mama, kaa chini," akasema. Nikazima jiko, nikakaa. Akaanza kunieleza habari za mapafu kwa Kiingereza. Nikamkatisha. Nikamwambia, "Yule mama mpishi alitakiwa aelezwe kwa lugha yake. Na mimi nataka yangu." Akanuna. Akataka kuondoka. Kisha akarudi akaanza: "Mama, ndani ya kifua una... mabegi. Mabegi ya hewa." Nilijiuma midomo nisicheke. Nikampa neno mapafu, akalirudia. Yeye hana maneno, mimi sina elimu, tukawa tunabadilishana. Neno la kohoo hakulijua. Neno la mishipa alilijua kwa sababu nyanya yake mzaa baba hulalamikia mishipa kila akipiga simu. Akawa anachora kwa unga juu ya meza. Alipomaliza nikamuuliza swali moja la kijinga, kwamba hewa inatokaje kwenye mapafu mpaka kwenye damu wakati hakuna tundu. Akasema, "Sijui. Nilidhani najua." Akaenda kusoma. Jioni akarudi na jibu, na macho yake yamefunguka, kaka, sijui nikuelezeje.

Wiki ile yote tulifanya hivyo. Alikuwa ananisubiri nirudi kazini.

Ikafika Jumamosi. Asubuhi Mama Furaha aliniambia kwamba wote watatu wamepimwa na wanayo korona. Mumewe ndiye aliyeileta kutoka kazini. Yeye na mtoto ni mafua tu, na Baba Furaha anaumwa mwili lakini anataka filamu. Nikasema afadhali, itamchangamsha. Tukaanza. Tukafika pale mwalimu anapofukuzwa, sanduku la vitabu vyake limetupwa nje ya geti, na Baba Furaha akapaza sauti kumlaani mwenye chuo: "Huyo patroni... ni mubaya... huyo." Akanyamaza. Kisha akasema tena kitu, nusu, akanyamaza. Mimi nilidhani ni uchungu wa filamu.

Zuhura aliinua kichwa. Akasogea hadi kwenye kompyuta, akanisukuma kwa bega, akasimamisha filamu.

"Anko, shikamoo. Anko, nitajie vituo vya treni kutoka kwako mpaka kwetu. Kwa pumzi moja."

"Wewe mutoto, tazama filamu."

"Tafadhali, Anko."

Akacheka. "Marayong," akasema. "Blacktown." Akavuta hewa. "Seven..." Akavuta tena. Kituo kinaitwa Seven Hills; hakufika Hills. Sote tulimwona mabega yanavyopanda na kushuka.

"Mama Furaha," Zuhura akasema, "piga ambulansi. Sasa hivi."

Baba Furaha akakataa. Alisema ni gripe tu, yaani mafua, hata hasikii kubanwa. Kisha akasema lile lililokuwa moyoni mwake: watu wanaobebwa wanaingia hospitali peke yao, mkewe hataruhusiwa, na yeye hataki kufa kati ya watu wasiojua jina lake. Mama Furaha alikuwa ameshika simu mkononi na hapigi, anamtazama mumewe. Binti yangu ndiye aliyesema, kwa Kiswahili chake kile cha kuokoteza.

"Anko, nisikilize. Mapafu yako ni kama sifongo. Sasa sifongo imejaa maji. Hewa inaingia lakini haifiki kwenye damu. Wewe husikii, kwa sababu mwili wako unakudanganya. Unakwambia uko sawa. Mimi siko mwongo, Anko. Wao wana hewa ya kukupa wakati maji yanakauka. Hapo nyumbani hakuna."

Baba Furaha akamuuliza, "Na sauti yako nitaisikia huko?"

"Nitapiga kila siku. Nitawaambia wanesi jina lako."

Akamwambia mkewe apige.

Waliomchukua walisema kama angelala nyumbani usiku ule, mambo yangekuwa mengine. Alikaa hospitali karibu mwezi. Zuhura alipiga kila siku kama alivyoahidi, na siku ambazo Baba Furaha hakuweza kusema, nesi alimwekea simu sikioni. Tulisoma dua, wao wakasali kanisani kwao kwa video, Mama Selvi akawasha taa yake mbele ya miungu yake. Alhamdulillahi alirudi nyumbani. Amekonda, anatembea kwa kupumzika, lakini yupo.

Habari ya kuacha chuo Zuhura hajaitaja tena. Alimwandikia mwalimu wake, mama mmoja mwenye asili ya Fiji, akamweleza yote, pamoja na filamu. Yule mama alimpigia simu. Akasema alikuwa amechoka kuzungumza na vioo vyeusi. Sasa kila mwanafunzi, kabla ya kipindi, anamweleza mtu wa nyumbani kwao somo la wiki ile kwa lugha ya nyumbani, na anarudi darasani na swali ambalo mtu huyo ameuliza. Zuhura anasema kamera zimewashwa. Kuna mmoja bibi yake Mlebanoni aliuliza swali hata mwalimu akaomba muda. Mtihani ule ameurudia, amepita.

Kaka, nataka kukushukuru. Watu walikuwa wanakuona mtu wa kupiga kelele kwenye kibanda, na simu za mkononi zilipokuja wakasema kazi yako imekufa. Lakini ni wewe uliyenikalisha karibu na spika nikiwa mtoto, ukaniambia kwamba mtu aliyetoa muda wake kukaa mbele yako ana haki ya kuelewa. Nimeishi na neno hilo bila kujua. Mungu akulipe heri.

Wiki hii wametufungulia. Siku ya kwanza tulipanda treni, mimi, Zuhura na Baba Zuhura, tukaenda Quakers Hill. Tukakaa uani kwa sababu ya tahadhari. Mama Furaha alinikumbatia mpaka Furaha akamwambia amwache shangazi avute pumzi. Baba Furaha alikuwa kwenye kiti, blanketi magotini. Jambo la kwanza aliloniuliza ni, "Filamu iliishaje?" Hakuna kati yetu aliyeitazama bila yeye isipokuwa mimi, nilichungulia. Basi nikasimama palepale uani, bila kompyuta, nikaimaliza kwa mdomo. Wakaguzi wanakuja chuoni, mkuu wa chuo anawaamuru vijana waimbe majibu, wanakataa. Kila mmoja anakwenda kumshika mkono mfanyakazi mmoja, mpishi, dereva, mfagizi, anamweleza mbele ya wakaguzi mpaka aelewe.

"Na mwalimu alirudishwa kazi?" Baba Furaha akauliza.

"Hakurudishwa."

Akasikitika. Kisha akamgeukia Zuhura. "Na wewe, dokta wangu. Siku ile nilisikia sauti yako, lakini maneno hayakuingia. Nieleze tena ile ya mapafu. Polepole."

Zuhura akavuta kiti karibu naye, akaanza. Hakuniomba neno hata moja.

Nisalimie wifi Mwanahamisi na umwambie dawa ya kifua asiikatishe. Mnisalimie mama mdogo wa Muheza, na mtoto wako wa mwisho aliyeingia kidato cha kwanza, mwambie shangazi yake anamwombea. Fundi Athumani aliyekuwa akikutengenezea deki, kama bado yuko, nisalimie. Baba Zuhura na Zuhura wanakuamkia. Hata Baba Furaha, ambaye hakujui, ametuma shikamoo yake, ingawa nikipiga hesabu ya umri naona wewe ndiye unayepaswa kumwamkia.

Mdogo wako akupendaye,
Mwanaidi