Siku Baba Alipopotewa na Maneno

Mjukuu wangu Upendo,

Shikamoo yako imenifikia hapa Masasi, marahaba sana. Bibi yako hajambo, goti limepoa, na mikorosho imeanza kuchanua.

Unauliza kwa nini mimi, mtoto wa waigizaji na mwandaaji wa maigizo yao, niliishia kufungua baa.

Alasiri moja tuliigiza Newala, uani kwa Mama Agnesi, mwenye kilabu cha pombe. Baba yangu, mwigizaji wetu mkuu, akicheza mzee aliyeachwa na mwanawe, akanyamaza ghafla katikati ya mchezo. Maneno yalimpotea kabisa. Watu wakaanza kuguna, nami pembeni sijui la kufanya. Mama Agnesi akaweka chini kata ya kuchotea pombe, akasema kwa sauti, "Mzee, keti kwanza. Si ulikuwa unatueleza mwanao alivyoondoka nyumbani?"

Baba akaketi, akamtazama, akaendelea hadi mwisho. Watu walishangilia, wakidhani ndivyo mchezo ulivyo.

Nilipokwenda kumshukuru Mama Agnesi, alicheka. "Mwanangu, aliyeingia kwangu ni mgeni wangu. Nitamwachaje aaibike?"

Maneno yale yalinikaa moyoni. Baba alipozeeka na kuacha kuigiza, nilifungua baa hii, naye akawa anashinda hapa akiwasimulia wateja. Hata miaka ile aliyosahau jina langu, walimpa kiti na kumsikiliza kama zamani. Hakuwahi kukaa peke yake, Upendo, na kwa hilo namshukuru Mungu kila ninapofungua mlango.

Babu yako akupendaye