Rasta Alizozitupa Mama Deo

Mama,

Jana Mama Deo alikuja kusuka. Huyu huyu jirani yetu. Mwanawe anapata kipaimara Jumapili, kwa hiyo anataka rasta. Alikaa kwenye mkeka wako, akaniwekea kichwa magotini bila hata aibu.

Nilichukua chanuo, Mama.

Nilikumbuka siku uliyorudi kutoka wodi ya waliotengwa. Homa ya nyani ilikuwa imekuachia makovu tu, na muuguzi alikusindikiza hadi mlangoni ili awaambie majirani kwamba umepona, huambukizi. Wapi! Mtaa mzima wa Makanyagio ulishaamua. Bibi mmoja alisema ndui imerudi, ukaitwa Mama Ndui. Jumuiya ikaacha kusalia rozari kwetu. Na wanawake uliowasuka kabla hujaugua walikuwa wamefumua vichwa vyao, rasta wakazitupa mlangoni petu. Mama Deo ndiye aliyeanza. Alifumulia barabarani, watu wamwone.

Ukainama, ukaziokota. "Mbona nzima hizi," ukasema, "nitazifua." Ukazichemsha kwa sabuni, ukazianika, ukaziweka kwenye mfuko.

Halafu malaria ikakupanda. Nilisimamisha kila bodaboda ikupeleke hospitali. "Dada, si yule mwenye madoa? Pikipiki yenyewe ya mkataba, bado namlipa mwenye nayo, nikimbeba nani atapanda tena?" Tukaenda kwa miguu. Ulikaa kando ya barabara upumzike kidogo, hukuinuka tena. Msibani wakaja wote. Walikula wali, wakaongeza. Mama Deo alilia kunishinda mimi mwanao, mnafiki yule.

Ulinikataza kushika kichwa cha mtu nikiwa na hasira. Hapo sikukutii, nisamehe. Lakini sikumvuta hata unywele mmoja. Nilimsuka taratibu, mistari ikanyooka. Akajitazama kwenye kioo. "Mkono wa mama yako kabisa," akasema. Nikamwambia asante.

Rasta mpya alizoleta ziko uvunguni. Nilimsuka na zile alizozitupa. Nyeusi zote zinafanana, hakujua. Jumapili ataingia nazo kanisani, atapiga nazo picha na mwanawe, usiku atazilalia.

Pumzika, Mama yangu. Za wenzake bado ninazo kwenye mfuko wako, na Krismasi wote watataka kusuka. Nakuahidi, sitamkataa hata mmoja.

Mwanao