Magauni ya Mama Ukumbini

Jumatatu, 3 Machi
Pango langu la maonyesho limesimama! Bonge, fundi wangu wa kamba, amefunga ndoano ya mwisho akashuka ngazi akitweta. Ukumbi mzima sasa ni nguo za mama—magauni, mashuka, mapazia ya jikoni—nilizozikata na kuziunga, zikashuka kutoka darini hadi sakafuni. Unaingia kwa kuinama, unapita katikati ya mikono ya magauni. Nililia. Bonge akajifanya anatafuta koleo.

Nguo aliniletea dada, mama akiwa hajitambui wodini. Daktari kakata tamaa, alisema, chukua tu. Siku ileile nikashika mkasi. Kazi ikinipanda kichwani sisikii la mtu.

Jumatano, 5 Machi
Mama amefumbua macho! Kaomba chai, kalalamika haina sukari. Ndiye yeye hasa. Nikacheka—kisha nikakumbuka magauni.

Jumatatu, 17 Machi
Anatoka Jumamosi. Anataka gauni lake la bluu, lenye vifungo vya mbao. Hapiti mbele za watu na nguo za wodi, ng'o.

Dada kanipigia, sauti chini: lirudishe. Nikamwambia gauni la bluu ndilo mlango wa pango. Akasema: aliyekata ni wewe. Aliyeleta ni wewe, nikamjibu. Tukakatiana simu. Wote tulimzika mama yetu angali hai. Tofauti ni kwamba mimi nimealika watu waje kutazama.

Nikaenda kulishusha. Bonge akanizuia: mlango ndio ulioshika uzito wote, ukiukata, pango zima chini! Na ufunguzi ni Jumapili.

Ijumaa, 21 Machi
Sikulishusha. Nimemnunulia jipya, la bluu. Najiona mjinga.

Jumamosi, 22 Machi
Alilipapasa tu, akajua. Langu liko wapi? Dada akageukia dirishani. Mimi maneno yakanitoka: liko ukumbini kwangu, mama. Akasema basi tupitie huko.

Aliingia ukumbini na gauni jipya, lebo inaning'inia mgongoni. Bonge akawasha taa. Mama akasimama mlangoni, akashika vifungo vya mbao kimoja kimoja. Nikaanza: mama, tulidhani…

“Mlidhani nimekufa. Semeni tu, msitafune maneno.”

Akausukuma mkono wa dada, akainama, akaingia peke yake.

Naandika nimekaa sakafuni. Yuko ndani muda sasa. Tunamfuata kwa jinsi nguo zinavyotikisika—yuko kwenye mapazia, sasa kwenye mashuka. Anaongea peke yake. Kuna mahali amecheka! Dada amening'ang'ania mkono wa kushoto, kucha zinaniingia. Natamani mama atoke anitukane, yaishe.

Amerudi mlangoni. Hatoki. Amepenyeza mkono wake kwenye mkono wa gauni la bluu, akiwa ndani vilevile, vidole vinatokeza upande wetu. Vimekunjuliwa.

“Nipeni mkasi.”

Toka kwanza, mama, dada anambembeleza. Hatoki. Bonge anatazama ndoano. Mkasi uko mfukoni mwangu.