Muvi ya Mpolandi

Jumatatu, 3 Machi
Nimefagia ukumbi, nimepanga mabenchi, nimejaribu spika. Moja inakoroma tena. Jumamosi naonyesha muvi ya yule dairekta wa Poland, na kama kawaida picha ni zao, maneno ni yangu kwa maiki, Kiswahili na Kikamba. Hapa Mwingi watu hawaji kuona muvi. Wanakuja kumsikia Mwende akiongea. Nasema bila aibu.

Nimeitazama tena. Mama anamngoja kijana wake, aliyechukuliwa na serikali mpya baada ya vita.

Jumatano, 5 Machi
Chifu amepita. Anataka Ijumaa nimsemee kila neno nitakalosema. Hataki habari za watu kuchukuliwa. Sababu tunaijua wote. Mutua, fundi wa simu pale steji, aliingizwa kwa gari lisilo na namba kabla ya Krismasi, mpaka leo hajaonekana. Na bila neno la chifu, laiseni yangu ya ukumbi haisongi.

Nikifungiwa ukumbi narudi kwetu Salama kuuza nyanya kando ya barabara. Woi, siwezi.

Alhamisi
Nimesoma habari za huyo dairekta kwa simu. Alianza baada ya vita kwa kusifu viwanda, serikali ikampenda. Muvi yake ya kwanza ya ukweli ikafungiwa kabatini miaka mingi. Akajanjaruka. Wakaguzi walikuwa wanasoma maneno kwanza, basi maneno akayaacha safi, uchungu akautia kwa picha. Mzee mjanja. Lakini yeye alikuwa na kamera. Mimi nina mdomo tu.

Ijumaa
Nimeongea muvi nzima ofisini kwa chifu bila picha, nikiangalia kalenda ukutani kama mwendawazimu. Pale pa mama nimesema kijana ameenda kutafuta kazi mbali.

"Sema hivyo hivyo," chifu akaniambia. "Usiongeze hata neno moja."

Nimejichukia. Halafu Mama Mutua akaja kuniomba kiti cha mbele, macho yake siku hizi hayaoni vizuri. Nimeshindwa kumwambia asije.

Jumamosi, 8 Machi
Watu mpaka mlangoni. Chifu nyuma, Mama Mutua mbele. Nimeongea na wamecheka.

Ikafika pale. Yule mama anapiga viatu vya kijana rangi, anavipanga mlangoni, anakaa. Nikafungua mdomo niseme ile ya kazi. Nikaufunga. Nikazima maiki.

Hawajazoea ninyamaze. Waligeuka kuniangalia, kisha wakarudi kwa picha. Mama Mutua akasema, sauti ya kawaida kabisa, "Hata mimi vya Mutua navipiga rangi."

Chifu alitoka kabla ya mwisho. Sikuongeza hata neno moja.

Jumapili
Kanisani chifu hakunisalimia. Laiseni sijui. Naogopa bado.

Mchana nikifagia, Mama Mutua amekuja. Ameomba nimwekee tu pale pa viatu. Nimeweka, nikakaa kando yake kwa benchi. Maiki sikuishika.